Uta, Jembe na Panga: Msamiati wa Mapigano na Ulinzi katika Ukanda wa Shinyanga na Geita

Ikisiri

Tafiti za lugha na fasihi ya Kiswahili zimezoea kuitazama sanaa ya mapigano kwa jicho la pwani, ambako upanga ni silaha na pia ishara ya cheo. Makala hii inahamisha mtazamo huo hadi ukanda wa Shinyanga na Geita, kaskazini-magharibi mwa Tanzania. Kwa kufuata historia ya maneno uta, rugaruga, mwano, sungusungu na panga, inadai kwamba kiini cha utamaduni wa mapigano wa ukanda huo kilikuwa wito uliomfanya kila mwenye mji kutoka na zana aliyo nayo, na kwamba askari wa kulipwa wa karne ya 19 walikuwa mkengeuko katika utamaduni huo. Mjadala unahusisha pia mauaji yanayofanywa kwa panga katika ukanda huohuo, ambayo msamiati wake unatofautiana na ule wa ulinzi hata katika sarufi.

1.0 Utangulizi

Msomaji wa tenzi za kale hana shida ya kupata panga. Utenzi wa Tambuka, ulioandikwa Pate mwaka 1728, umejaa mapigano ya ana kwa ana ambamo shujaa hujulikana kwa pigo lake. Msamiati wa pwani nao ni mpana: upanga, kitara, jambia, hanjari, sime, kila kimoja na umbo lake, ala yake na namna yake ya kuvaliwa. Katika ngoma ya razha, iliyofika Zanzibar kutoka Omani, wanaume hucheza wakiwa na panga mikononi. Katika kirumbizi hupambana kwa fimbo, na hata hapo mkao wa miguu na ukingaji wa pigo humkumbusha mtazamaji kwamba fimbo imeshika nafasi ya chuma.

Usukumani hali ni nyingine. Ngoma ya wanaume iliyojipatia sifa kubwa huko ni bugobogobo, na wachezaji wake hushika majembe. Huyarusha, huyadaka, huyageuza hewani kwa pamoja. Kinachopimwa ni ulinganifu wa kundi zima na nguvu ya kulima, wala hakuna adui anayeigizwa. Mashindano makubwa ya ngoma baina ya Bagika na Bagalu, vyama vilivyoanza katika karne ya 19 na ambavyo waasisi wake, Ngika na Gumha, bado wanatajwa, huamuliwa kwa wingi wa watazamaji ambao kila upande umewavuta. Huo nao ni ushindani mkali, wenye dawa na kiapo, lakini hauna silaha.

Tofauti hii imewafanya baadhi ya waandishi wadhani kuwa Wasukuma na Wanyamwezi hawakuwa na sanaa ya mapigano inayostahili kuchunguzwa, na kwamba vita katika nchi yao vililetwa na wageni: Wangoni, Waarabu, Wadachi. Dhana hiyo ina kasoro ya mbinu. Inatafuta upanga, na isipouona inahitimisha kuwa hakuna kitu. Makala hii inaanzia upande wa pili: ni maneno gani wenyeji wenyewe waliyatumia kwa silaha, kwa mpiganaji na kwa wito wa kupigana, na maneno hayo yalipoingia katika Kiswahili yalibeba nini na kuacha nini?

2.0 Uta na vita

Kiswahili cha leo husema upinde, neno lililoundwa kutokana na kitenzi pinda. Neno la zamani ni uta, ambalo wingi wake wa kale ni mata. Kisukuma na Kinyamwezi, zilizowekwa na Guthrie katika kundi F kwa namba F.21 na F.22, husema buta. Uhusiano wa uta na buta ni wa kanuni: Kiswahili kilidondosha sauti b ya Kibantu Mame katika mazingira mengi, kama inavyoonekana pia katika ngao, ambayo katika lugha za Maziwa Makuu ingali na b. Katika Kinyarwanda, ingabo ni ngao na pia ni jeshi.

Wanaisimu linganishi wamekwisha kuonesha kuwa shina -ta la uta ndilo linalohusishwa na shina la vita. Kwa asili ya neno, basi, vita ni shughuli ya mata. Kiswahili kilipolibadilisha jina la silaha kuwa upinde, kilificha undugu huo; mzungumzaji wa leo anasema vita bila kusikia uta ndani yake. Inafaa kukumbuka vilevile kwamba shujaa mkongwe kuliko wote wa fasihi ya pwani, Fumo Liyongo, katika utenzi ulioandikwa na Muhamadi Kijumwa mwaka 1913, anakufa akiwa amepiga goti, mshale ukiwa katika uta wake, na watu wanaogopa kumkaribia kwa kudhani yu hai. Pwani nayo ilikuwa nchi ya uta kabla upanga haujapata heshima yote.

Uta una sifa ambazo upanga hauna. Hutengenezwa kwa mti na kano, na mwenye nyumba anaweza kujichongea mwenyewe. Mtoto huanza kuutumia kwa kulenga ndege shambani. Hutumika kuwinda, kulinda mazao na kuwafukuza fisi zizini, na kwa hiyo mkono wa mtumiaji haupotezi mazoezi hata pasipokuwa na vita. Juu ya hayo, unamwezesha mtu asiye na nguvu nyingi kusimama na wenzake kumi na kuwa hatari kwa adui aliye mbali. Upanga humtaka mtu aliyejifunza upanga.

Chuma chenyewe hakikuwa haba. Geita inajulikana leo kwa dhahabu, lakini kabla ya dhahabu metali ya nchi ile ilikuwa chuma. Warongo, wafua chuma wa Uzinza na maeneo ya kusini mwa Ziwa Viktoria, waliyeyusha udongo wa chuma na kufua majembe yaliyosafirishwa hadi Usukuma na Unyamwezi, yakatumika kulima, kulipa mahari na kubadilishana bidhaa. Mhunzi aliyefua jembe ndiye aliyefua ncha ya mshale na ya mkuki. Ukosefu wa upanga katika nchi hiyo, kwa hiyo, hauwezi kuelezwa kwa ukosefu wa chuma wala wa ujuzi. Watu wenye wahunzi wa kiwango hicho waliagiza jembe. Hata cheo cha mtawala kilitokana na ukataji wa namna nyingine: ntemi, kwa Kiswahili mtemi, huhusishwa na kutema, yaani kukata msitu ili watu wakae na, kwa maana ya pili, kukata shauri.

3.0 Watuta, Mirambo na rugaruga

Mabadiliko yaliingia katikati ya karne ya 19. Wangoni waliovuka mto Zambezi mwaka 1835 chini ya Zwangendaba waligawanyika baada ya kifo chake huko Ufipa, na kundi lililokuja kuitwa Watuta lilielekea kaskazini hadi likakaa Runzewe, katika eneo ambalo leo ni sehemu ya mkoa wa Geita. Walikuja na mbinu iliyotokana na mageuzi ya Shaka kusini mwa Afrika: mkuki mfupi wa kuchoma usioachwa mkononi, ngao kubwa ya ngozi ya ng'ombe, vijana waliopangwa kwa marika, na mwendo wa kushambulia kwa kasi. Kwa wapiga uta, waliozoea mapambano ya mbali yaliyokoma baada ya watu wachache kujeruhiwa, hiyo ilikuwa namna mpya kabisa ya kuuana.

Kijana wa Uyowa aliyezaliwa kwa jina la Mtyela Kasanda alikua katika ujirani huo, na masimulizi yanamtaja kuwa alijifunza vita kwa Watuta. Jina lake la vita, Mirambo, huelezwa kuwa na maana ya maiti. Kuanzia mwaka 1871 hadi 1875 alipigana na wafanyabiashara Waarabu wa Tabora na kuifunga njia ya misafara. Mbinu aliyoitumia mwezi Agosti 1871 inastahili kuelezwa, kwa sababu inaonesha kuwa sanaa ya vita ya nchi hiyo haikukaa katika pigo la mkono. Waarabu, ambao Henry Morton Stanley alifuatana nao katika vita hivyo, waliuvamia mji wa Wilyankuru na kuuteka kwa urahisi. Mirambo alikuwa amejiondoa na watu wake. Washindi walipokuwa wakirudi, wamelemewa na pembe za ndovu na mateka, walishambuliwa kutoka majanini. Kiongozi wa kikosi, Soud bin Sayd, aliuawa. Siku chache baadaye Mirambo aliingia Tabora yenyewe, na Khamis bin Abdullah, mmoja wa Waarabu mashuhuri wa mji huo, akafa akipigana. Kwa istilahi za pwani, Khamis alikufa kishujaa: alitoka kumkabili adui. Kwa istilahi za bara, alitolewa nje.

Jeshi hilo lilikuwa na kiini cha vijana walioitwa rugaruga. Hawa hawakuwa wenye miji walioitwa kulinda mazizi yao. Walikuwa vijana wasiooa, wengi wao waliokatika kutoka katika koo zao kwa vita, utumwa au uchukuzi, wakiishi kwa nyara, wakijipamba kwa nguo nyekundu, manyoya na bangili, na wakibeba magobore pamoja na mikuki. Stanley, aliyekutana tena na Mirambo Aprili 1876 na kuchanjiana naye udugu wa damu, aliandika kwamba mtemi huyo alipendelea vijana kwa vita kuliko watu wazima, kwa kuwa macho yao ni makali na viungo vyao ni vyepesi. Sababu ya kijamii, ambayo Mirambo hakuhitaji kuitaja, ni kwamba mtu mwenye mke, shamba na ng'ombe ana mahali pa kurudi.

Mabadiliko hayo yanaonekana katika muundo wa neno. Rugaruga ni nomino iliyoradidiwa ambayo humtaja mpiganaji kwa wingi wake. Katika maandishi ya karne ya 19 ni nadra kumkuta rugaruga mmoja mwenye jina; wanakuja, wanachoma, wanaondoka. Kiswahili kililichukua neno hilo katika misafara, pamoja na maneno mengine ya Unyamwezi kama nyapara, lililotokana na mzee wa baraza la mtemi, na ikulu, makao ya mtemi, ambalo leo ndilo jina la makao ya Rais. Inashangaza kidogo kuona namna maneno haya yalivyogawanyika. Ikulu lilipanda cheo. Nyapara lilishuka kutoka kwa mzee hadi kwa msimamizi wa vibarua na wafungwa. Rugaruga lilichukuliwa na Wajerumani kama jina la wapiganaji wasio askari kamili, waliopewa bunduki na ruhusa ya kujilipa kwa nyara, na hivyo ndivyo walivyotumiwa wakati wa Vita vya Maji Maji na tena katika Vita Kuu ya Kwanza, ambamo pande zote mbili ziliwatumia. Neno lililotoka katika dola ya Kiafrika iliyowahi kuifunga Tabora likaishia kuwa jina la mporaji mwenye kibali cha serikali.

Maandishi ya Kiswahili yaliyo karibu zaidi na matukio hayo ni maisha ya Hamed bin Muhammed el-Murjebi, maarufu kwa jina la Tippu Tip, yaliyochapishwa na Heinrich Brode mwanzoni mwa karne ya 20. Baba yake alikuwa na makazi Tabora na uhusiano wa ndoa na ukoo wa watawala wa Unyanyembe, na yeye mwenyewe alielewana na Mirambo. Hata hivyo, jicho lake ni la mfanyabiashara. Anayesoma kitabu hicho akitafuta habari za vita atapata idadi ya bunduki, bei, mapatano na usaliti, wala si namna mkulima wa Msalala au Usiha alivyoulinda mji wake kwa uta. Upande huo wa historia haukuandikwa na mtu wa pwani kwa sababu haukumhusu.

Mirambo alifariki tarehe 2 Desemba 1884, na dola yake ikadhoofika upesi. Mnamo Januari 1893 mtemi Isike wa Unyanyembe, alipoona boma lake la Tabora linaingiwa na Wajerumani chini ya Tom von Prince, alijilipua kwa baruti. Baada ya hapo kupigana kwa hadhara kulipigwa marufuku, gobore likahitaji kibali, na uta ukarudi ulikotoka: juu ya mlango, ukisubiri fisi.

4.0 Mwano: kurudi kwa uta

Miaka tisini ilipita kabla ya uta kuonekana tena hadharani kama silaha ya umma, na mazingira ya kurudi kwake yalikuwa ya aibu kwa dola. Mwaka 1976 vyombo vya usalama viliendesha operesheni katika mikoa ya Mwanza na Shinyanga ya kuwasaka watuhumiwa wa mauaji yaliyohusishwa na uchawi. Mahabusu waliteswa na baadhi yao wakafa. Mwaka 1977 Ali Hassan Mwinyi, aliyekuwa Waziri wa Mambo ya Ndani, alijiuzulu, na maofisa kadhaa walishtakiwa baadaye. Tukio hilo husimuliwa nchini kama mfano wa uwajibikaji wa kiongozi. Kwa wanavijiji wa Shinyanga lilikuwa na maana ya ziada: polisi waliokuja kuwalinda dhidi ya wauaji waliua.

Kisha vikaja Vita vya Kagera vya 1978 na 1979, na baada yake silaha za moto mikononi mwa watu wasiostahili kuwa nazo, uhaba wa kila bidhaa, na wizi wa mifugo wa kutumia nguvu. Mwaka 1981 na 1982, katika maeneo ya mpaka wa Kahama na Nzega, wanavijiji walianza kujipanga. Ray Abrahams, mwanaanthropolojia aliyewajua Wanyamwezi tangu miaka ya 1950, na Sufian Bukurura, mwanasheria aliyeandika kwa kina juu ya suala hili, wameeleza muundo wao. Kila mwanamume alitakiwa awe na uta na mishale, pamoja na kipenga cha kibuyu. Wizi ukitokea, hupigwa mwano, yaani ukelele wa kuita watu; kila anayeusikia huupokeza kwa jirani wa mbele na kutoka nje, na wezi hujikuta wamefungiwa njia na kijiji kimoja baada ya kingine kwa kasi inayozidi ya ng'ombe wa wizi. Asiyetoka anaulizwa alikuwa wapi.

Kwa nini uta, katika mwaka 1981? Jibu jepesi ni kwamba bunduki zilihitaji leseni na uta haukuhitaji. Jibu hilo ni sahihi lakini halitoshi. Uta ulikuwa silaha ambayo kila mji ungeweza kuwa nayo kwa usawa, hivyo kutokuwa nayo kukawa ni kukataa ujirani. Adhabu kubwa ya Sungusungu ilikuwa ya aina hiyohiyo: kutengwa. Aliyetengwa hasalimiwi, hapewi moto, hasaidiwi kulima wala kuzika.

Majina waliyojipa ni hazina kwa mwanaisimu. Walijiita Basalama, na shughuli yao busalama. Salama ni neno la Kiarabu lililopitia Kiswahili. Hapa limevikwa viambishi vya Kisukuma, ba- cha watu na bu- cha dhana au hali, na kufanywa jina la chombo ambacho serikali haikukiunda. Kiongozi aliitwa ntemi, cheo ambacho sheria ilikuwa imekifuta mwaka 1963, na kando yake alikaa katibu, neno la ofisi ya chama na serikali. Katika sentensi moja ya mkutano wa kijiji waliketi pamoja utawala uliofutwa na urasimu uliochukua nafasi yake. Jina lililoshika, hata hivyo, ni sungusungu, ambalo katika Kiswahili ni wale chungu weusi wakubwa wenye kuuma sana. Kama rugaruga, ni nomino ya radidi na ya kundi. Tofauti ni kwamba chungu hutoka shimoni kwao anapoguswa mmoja wao, na wakimaliza hurudi.

Chama tawala kililitazama jambo hili kwa macho tofauti na polisi na mahakama. Viongozi wa chama waliona ndani yake kujitegemea kwa wananchi. Wanasheria waliona watu wanaokamata, wanaohukumu na kuadhibu bila mamlaka, na hawakukosea. Sungusungu walipiga washukiwa, na wapo waliokufa mikononi mwao. Waliwafukuza vijijini watu walioshukiwa uchawi, wengi wao wanawake wazee. Waganga walishiriki katika kuwapa kinga ya dawa. Ni kosa kuwachora kama warithi safi wa demokrasia ya kale, kama lilivyo kosa kuwachora kama genge.

Mwaka 1989 Bunge lilipitisha Sheria Namba 9 iliyofanyia marekebisho sheria za mgambo, na kwa sheria hiyo Sungusungu wakatambuliwa. Rais wa wakati huo alikuwa Ali Hassan Mwinyi. Kuhusu istilahi, sheria hiyo ilifanya jambo ambalo pengine watunzi wake hawakulitambua. Mgambo, katika Kiswahili cha zamani, ni tangazo la hadhara linalopigiwa mbiu ya pembe. Methali inayosema kuwa la mgambo likilia kuna jambo ingali hai. Neno hilo lilikuwa limehama kutoka kwenye wito hadi kwa mtu mwenye sare. Sheria iliwaweka watu wa mwano chini ya jina ambalo awali lilikuwa na maana ileile ya mwano, ila lilikwisha kuisahau.

Baada ya hapo neno sungusungu lilienea haraka. Lilifika kwa Wakuria wa Tarime na kuvuka mpaka hadi Kenya. Lilifika pia Dar es Salaam na miji mingine kama jina la doria za usiku za mtaa. Mjini uta ulibaki nyuma, nafasi yake ikachukuliwa na rungu, na mara nyingi wajibu wa kutoka ukageuka kuwa mchango wa fedha wa kila mwezi kwa vijana wanaozunguka kwa niaba ya wengine. Istilahi za serikali zilizofuata, polisi jamii na ulinzi shirikishi, ni nadhifu zaidi, lakini haziiti mtu yeyote atoke.

5.0 Panga na watu wasiojulikana

Katika Kiswahili, panga ni wingi wa upanga na pia ni umoja wa mapanga. La pili lina maana ya ukubwa: zana pana na nzito ya kufyekea. Utenzi unapotaja panga, ni silaha za waungwana. Gazeti linapotaja mapanga ya Shinyanga au Geita, ni zana ya shambani iliyogeuzwa. Katika karne ya 19 silaha ya nchi hii ilikuwa zana ya kazi iliyoinuliwa kwa wito wa hadhara. Panga la mauaji ni zana ya kazi iliyoinuliwa kwa siri.

Mauaji ya wazee, hasa wanawake, kwa tuhuma za uchawi yamechunguzwa na Simeon Mesaki na wengine, nao wameyahusisha na kuhamishiwa watu vijijini katika miaka ya 1970, ugomvi wa urithi na ardhi, na udhaifu wa Sheria ya Uchawi ya 1928, ambayo chimbuko lake ni la kikoloni. Kuanzia mwaka 2007 yaliongezeka mauaji ya watu wenye ualbino, na Deborah Bryceson na wenzake, katika makala yao ya 2010, wameyahusisha na imani zilizoenea miongoni mwa wachimbaji wadogo wa dhahabu wanaotafuta dawa ya bahati.

Uhusiano huo na dhahabu unahitaji kueleweka kwa uangalifu, kwani wachimbaji wengi mno hawana hatia yoyote. Mgodi wa kikoloni wa Geita, uliofunguliwa katika miaka ya 1930, ulifungwa mwaka 1966. Uchimbaji mdogo ulipopanuka katika miaka ya 1980 na 1990, na migodi mikubwa ya Geita na Bulyanhulu ilipofunguliwa mwanzoni mwa miaka ya 2000, ukanda huu ulipokea watu kutoka kila pembe ya nchi. Kambi ya wachimbaji hukusanyika kwa wiki chache pale habari za mwamba zinaposikika, na hutawanyika vivyo hivyo. Mwenye duara anawajua wachimbaji wake kwa majina ya utani; nyapara anajua nani ameshuka na nani amepanda; mwenye karasha anajua mifuko. Mwano hufanya kazi pale ambapo sauti inajulikana ni ya mji gani, na ambapo kutokutoka kwa jirani kunaonekana kesho yake. Katika kambi ya watu elfu waliofika mwezi uliopita, ukelele wa usiku ni ukelele tu.

Ndiyo maana lugha ya mauaji haya inafaa kutazamwa na wanaisimu kwa makini zaidi kuliko ilivyotazamwa. Kiswahili husema alikatwa mapanga, kama kinavyosema alipigwa risasi au alichomwa kisu: silaha hufuata kitenzi bila kihusishi kwa, aliyeumizwa huwa kiima, na mtendaji huweza kuachwa kabisa. Kutokana na muundo huo limezuka jina wakata mapanga, linalotumiwa na polisi, magazeti na wanavijiji wenyewe kwa wauaji wa kukodiwa wa ukanda huu. Likichukuliwa neno kwa neno, jina hilo lina maana ya watu wanaoyakata mapanga. Hakuna mzungumzaji anayelielewa hivyo. Nomino iliyo baada ya kitenzi ni silaha, na yule anayekatwa hana nafasi katika jina.

Msamiati wa Sungusungu una mpangilio mwingine. Kupiga mwano, kutoka, kufuata nyayo, kuuliza, kutenga: vitenzi hivi vyote vinadai mtendaji anayejulikana, na kikao cha asubuhi hutaja nani alitoka na nani hakutoka. Taarifa za mauaji ya panga, kinyume chake, zimejipatia kirai chao kisichobadilika, ambacho msomaji wa magazeti ya Kiswahili hukijua kabla hajakifikia: kwamba marehemu alikatwa mapanga usiku, nyumbani kwake, na watu wasiojulikana. Katika kijiji cha nyumba arobaini, ambako mbwa humjua kila mpita njia na ambako mama huyo ameishi kwa miaka sitini, kirai hicho huandikwa na ofisa wa polisi aliyetoka mjini, kwa maneno aliyopewa na majirani waliosimama mlangoni, nyuta zao zikiwa ndani.